Mirathi ya Jimbo la Mwalangu

Kibaba kilikwangua pipa. Gizani, kabla jogoo hajawika, Sikudhani alisikia kwaru, kwaru, kisha kimya, kisha kwaru tena. Hakuhitaji kuwasha kibatari ili ajue ni mkwewe, Bi Mwanvua, kainama mpaka mabega yamezama ndani ya pipa, anawatafutia wageni punje za mwisho za mchele.

"Mama, umebaki?" aliuliza kutoka kitandani, mkono mmoja juu ya bintiye Tunu asije akaamka.

"Upo wa kumtosha mgeni."

"Na sisi?"

"Sisi si wageni, mwanangu. Lala."

Nchi yenyewe iko mbali sana. Msomaji asihangaike kuitafuta kwenye ramani, wala asimtupie jirani yake jicho la pembeni, maana mambo haya hayawezi kutokea kwetu. Katika nchi hiyo palikuwa na jimbo la uchaguzi lililoitwa Mwalangu, na watu wa Mwalangu walisifika kwa jambo moja: hawakujua kumnyima mgeni. Wala si chakula peke yake. Hata neno hawakumnyima. Mgeni akiuliza, "Barabara hii inakwenda mjini?" hujibiwa, "Naam, baba, inakwenda," hata kama inaishia kwenye mihogo ya mtu, kwa sababu ni aibu kumvunja moyo mtu aliyetoka mbali. Wako wenzetu wasemao mgeni siku mbili, ya tatu mpe jembe. Kwa Wamwalangu hiyo ilikuwa methali ya majirani, tena wale wenye roho ya korosho.

Na jimbo lao lilizaliwa kwa adabu hiyohiyo. Wazee husimulia kwamba Rais wa Kwanza alinasa kwenye tope la Mwalangu katika safari ya kwenda mahali pengine penye maana. Walimlisha, wakamfulia, wakamsukumia gari, na gari lilipotoka akawauliza wanataka nini. Wakasema hawataki kitu, karibu tena. Rais, ambaye maisha yake yote hakuwahi kukutana na mtu asiyetaka kitu, alilia machozi akawapa jimbo zima, na jimbo likaja na haki zake: zahanati moja, nesi mmoja, na mbunge mmoja. Mbunge wa kwanza alilala bungeni mpaka muda wake ukaisha. Wa pili alisimama mara moja tu, akaomba dirisha lifungwe, na hotuba hiyo ilipigiwa makofi marefu. Aliyefuata ndiye Mheshimiwa Ngwada.

Basi mgeni wa siku ile ya kibaba alikuwa Mheshimiwa Ngwada huyo, anarudi kuomba kura. Alikuja na magari manane na shati jeupe. Akaketi kwenye jamvi la Bi Mwanvua, akala pilau kwa mkono kama mtu wa watu, mafuta yakamchuruzika hadi kwenye kishikizo cha shati. Alipomaliza akajifuta, akauliza:

"Haya, mama zangu. Kura mtanipa, au mnataka kuniua?"

"Tumekupa, baba," wakajibu wote.

Sikudhani alikuwa na mimba ya miezi mitano, na alikuwa na swali. Alipomzaa Tunu nyumbani alikaribia kufa, Nesi Leokadia wa zahanati ndiye aliyemrudisha duniani, na siku ya tatu akamshika kidevu akamwambia: "Wewe usizalie nyumbani tena. Wa pili azaliwe hapa, mikononi mwangu. Umenisikia?" Alisikia. Kwa hiyo sasa, akiwa amemshikia mgeni birika la kunawa, alisema kwa sauti ya chini:

"Mheshimiwa, zahanati yetu itakuwepo?"

"Zahanati?" Mheshimiwa Ngwada alicheka kwa upendo mkubwa. "Binti yangu, nitaiongezea ghorofa."

Siku mbili baadaye akaja mgombea mwingine, mfanyabiashara wa mabati. Bi Mwanvua akaazima mchele. Naye alikula, naye akauliza, naye akaambiwa, "Tumekupa, baba." Ijumaa akaja wa tatu, mwalimu mstaafu mwenye baiskeli, akala kidogo kwa aibu, akauliza kwa aibu zaidi.

"Tumekupa, mwalimu," wakasema.

Usiku ule Mrisho, mumewe Sikudhani, alilala chali akitazama makuti.

"Mama Tunu, tumewapa wote watatu."

"Ungemnyima yupi?"

Mrisho akawahesabu upya kwa vidole.

*

Siku ya kupiga kura, Sikudhani aliingia kwenye kile kibanda cha turubai, akafungua karatasi, akakuta nyuso tatu zinamtazama. Alikusudia kumpa mwalimu peke yake. Mwalimu alimtajia zahanati kabla hajaulizwa, na alipoondoka alichukua sahani yake mwenyewe mpaka jikoni, jambo ambalo Bi Mwanvua alilisimulia kwa wiki nzima. Akaweka alama ya vema kwa mwalimu. Kisha macho yakateleza kwa mfanyabiashara wa mabati. Mtu huyu alitafuna mfupa wa kuku wao mpaka ukawa mweupe. Walimwambia wamempa. Je, akikutana naye njiani, ataweka wapi uso? Akaweka vema. Mheshimiwa Ngwada alikuwa amepigwa picha na shati lilelile jeupe. Sikudhani akalitafuta doa la mafuta kwenye kishikizo, hakuliona, lakini akajua lipo. Akaweka vema la tatu, akaikunja karatasi vizuri, akatoka akiwa mwepesi kama mtu aliyelipa fadhila zote za dunia.

Ndivyo walivyofanya wote. Hakuna aliyemwambia mwenzake, maana kura ni siri, na Wamwalangu hawavunji sheria.

Msimamizi wa Uchaguzi, aliyeletwa kutoka makao makuu pamoja na kiti chake, alihesabu mpaka jasho likamdondoka kwenye meza. Halafu akahesabu upya. Mwishowe akasimama mbele ya watu, akakohoa kikazi.

"Kura halali, sifuri. Kura zilizoharibika, zote. Kwa miaka ishirini na sita ya utumishi wangu sijaona watu waliokubaliana namna hii."

Watu wakapiga makofi. Kukubaliana ni jambo jema.

Redio ndiyo iliyowafafanulia. Tume ya Taifa ya Kupunguza Mipaka ilikaa kikao cha dharura, ikapumzika, ikala, ikakaa tena, kisha ikatoa hoja ambayo hata leo inafundishwa katika vyuo vya nchi ile: jimbo lisilo na kura halali halina wapigakura halali; lisilo na wapigakura halali halina watu halali; na jimbo lisilo na watu ni maiti. Kwa masikitiko makubwa, Serikali inatangaza kifo cha Jimbo la Mwalangu, lililofariki ghafla katika kituo cha kupigia kura. Mazishi Jumapili. Hakuna kuleta maua.

"Wamesema tumekufa?" Tunu aliuliza. Alikuwa na miaka mitano, na redio ilikuwa kwenye kigoda karibu na sikio lake.

"Jimbo ndilo limekufa, mama, sisi tupo," alisema Sikudhani, akajipapasa tumbo. Mtoto aligeuka humo ndani, polepole, kama mtu anayetafuta upande wa kulalia.

*

Mazishi yalifana. Ngoma ya polisi ilipigwa, bendera ndogo ya jimbo ikakunjwa ikatiwa ndani ya sanduku lenye ukubwa wa sanduku la sabuni, na Mheshimiwa Ngwada akaja amevaa miwani myeusi. Kwa kuwa ndiye aliyeishi na marehemu kwa muda mrefu, Serikali ilimtambua rasmi kuwa mjane wa jimbo, akapewa posho ya ujane, na akapangiwa kukaa eda katika hoteli ya nyota tano pwani ya mbali, kwa gharama za wafiwa.

"Ndugu zangu mliokuwa wananchi," alisema, leso ikiwa tayari. "Marehemu hakuugua. Jioni tulikuwa naye, asubuhi hayupo. Ameniacha mpweke. Lakini niwaulize: tuna haki gani ya kuipinga Tume? Tume haikosei. Kama ingekuwa inakosea, ingekwisha kuunda Tume ya kuichunguza, na haikuunda. Huo ni ushahidi."

Watu walimlilia kweli. Alikuwa mgeni, na mgeni akilia haachwi alie peke yake.

Kisha akapanda jukwaani Mgawaji Mkuu wa Mirathi ya Serikali, mtu mwembamba mwenye sauti nene, akatangaza warithi. Marehemu alipakana na majimbo matatu: Mashariki Zaidi, Kaskazini Kiasi, na Katikati. Haki ilitaka kila ndugu apate fungu, na pasiwe na wa kulalamika.

"Jengo la zahanati, kuta na paa lake," alisoma, "litakwenda Jimbo la Mashariki Zaidi. Kufuli na ufunguo, kwa kuwa ni vitu vya kubebeka, vitakwenda Jimbo la Kaskazini Kiasi. Nesi, kitanda cha kuzalia na mizani ya watoto, kwa pamoja, vitakwenda Jimbo la Katikati. Mto hautaki kusimama, kwa hiyo uachwe uamue wenyewe. Watu hawakuthibitika kisheria, kwa hiyo hawatagawiwa."

Sikudhani alimshika Mrisho mkono.

"Amesema nesi anakwenda wapi?"

"Katikati."

"Na mimi nizalie wapi?"

Mgawaji Mkuu alikuwa anauliza kama kuna mwenye pingamizi. Watu wakatazamana. Mtu ametoka makao makuu, jua kali, hata maji hajanywa.

"Hatuna, baba," wakasema. "Karibu chakula."

Sikudhani alisikia sauti yake mwenyewe katikati ya zile sauti, na haikuwa ya chini kuliko nyingine.

Lori lilikuja Jumatatu. Kitanda kilipakiwa kwanza, kisha mizani, kisha Nesi Leokadia, ambaye alikataa kukaa nyuma na vyombo mpaka dereva alipomwonyesha kwamba kwenye hati wametajwa pamoja. Alipanda akiwa amebeba kapu lake na ule mpira mdogo mwekundu wa kuwanyonya watoto ute puani. Sikudhani alikuja mbio kadiri tumbo lilivyomruhusu.

"Nesi, usiende."

"Huko wako manesi wanne na hakuna hata wagonjwa," alisema Leokadia. "Nimewaambia. Wanasema mirathi ni mirathi." Akainama kwenye ubao wa lori, akamshika kidevu kama zamani. "Sikiliza. Uchungu ukianza, usingoje upevuke. Nitumie mtu nitakuja, hata kama watanifukuza. Na hapa mlangoni waambie wafungue, maji ya moto, kitanda hata cha kamba, mradi ndani pawe safi. Usizalie nyumbani. Unanisikia?"

"Nasikia."

"Rudia."

"Nisizalie nyumbani."

Lori liliondoka na kitanda kikilia vyuma kila shimo la barabara. Jioni hiyohiyo mtu wa Kaskazini Kiasi alikuja kuchukua urithi wake. Alifunga mlango wa zahanati kwa kufuli, akatia ufunguo mfukoni, akanywa uji kwa Bi Mwanvua, akashukuru, akaondoka. Mashariki Zaidi nao wakaleta mgambo wa kulinda jengo lao, kijana mpole mwenye rungu, aliyekula chakula cha mchana kwa akina Sikudhani kila siku kuanzia hapo, na kila siku akinawa alisema, "Shangazi, Mungu awazidishie."

*

Uchungu ulimshika Sikudhani asubuhi ya siku ya soko, jua likiwa juu ya paa. Hakungoja upevuke. Alimwita Mrisho, na Mrisho akapanda baiskeli akaenda Kaskazini Kiasi kufuata ufunguo. Binamu yake akatumwa Katikati kumfuata Nesi Leokadia. Sikudhani mwenyewe alitembea, Bi Mwanvua upande huu na jirani upande ule, Tunu nyuma amebeba khanga, mpaka kwenye baraza ya zahanati. Wakatandika khanga mbele ya mlango uliofungwa.

"Shikamoo shangazi," alisema mgambo. Alipoona hali ilivyo, akageuza uso ukutani.

"Marahaba, baba. Tufungulie," alisema Bi Mwanvua.

"Kufuli si letu, shangazi. Letu ni jengo."

"Basi tuvunjie."

"Nikilipiga kufuli la Kaskazini Kiasi ni uhalifu wa jimbo kwa jimbo. Wametusomea. Kaka ameufuata. Ataleta sasa hivi."

Kaka alikuwa amefika huko. Baiskeli aliiendesha kama mwendawazimu, akafika Ofisi ya Urithi ya Kaskazini Kiasi shati limemganda mgongoni. Afisa alikuwa mtu mchangamfu sana. Alikuwa amesikia habari za Wamwalangu tangu utotoni, akafurahi kumpata mmoja.

"Mke wangu anajifungua, mzee. Naomba ufunguo."

"Ah. Hongera. Kaa kwanza, huwezi kuja kwetu ukasema ukiwa umesimama. Kijana, lete chai."

Msomaji wa kwetu angesema, chai baadaye. Angepiga meza. Lakini Mrisho alizaliwa Mwalangu, na kama mgeni hanyimwi, basi na mwenyeji naye hakataliwi. Kikombe cha mtu ni moyo wake. Alikaa. Chai ilikuwa ya moto, ya tangawizi, akainywa ikamuunguza ulimi ili iishe upesi, na afisa alipoona kikombe kitupu akafurahi akamjazia. Akamweleza taratibu. Ufunguo hutolewa kwa mwenye mlango. Mlango ni wa Mashariki Zaidi. Mashariki Zaidi wakiomba kwa maandishi, Kaskazini Kiasi hawana kinyongo.

"Kula na andazi," alisema. "Umekonda."

Mrisho akala andazi. Machozi yalikuwa yanamtoka anatafuna, na afisa, kwa hisani, alijifanya hayaoni.

Kwenye baraza jua lilikuwa limefika kwenye miguu ya Sikudhani. Watu waliokuwa wanatoka sokoni walisimama, wengine wakatua mizigo. Wanawake walishika khanga kufanya ukuta. Sikudhani hakupiga kelele kwanza. Alikuwa anatazama lile kufuli, jeusi, dogo, la aina ileile ya kufungia banda la kuku, na alifikiri ndani kuna ubaridi, kuna sakafu ya saruji, kuna ule mkono unaomshika kidevu.

"Mama," alimwambia Bi Mwanvua, "waambie wavunje. Waambie hivyo hivyo, kwa ukali."

Bi Mwanvua alifungua mdomo. Katika umri wake wote hakuwahi kumkaripia mtu aliyekula kwake. Alimtazama mgambo, na mgambo akamtazama, na mezani kwa Bi Mwanvua sahani ya kijana yule ilikuwa imefunikwa kawa ikimngojea.

"Baba," alisema Bi Mwanvua, "kama hutajali..."

Hakuendelea. Mtoto alikuwa anakuja.

Alikuwa wa kiume. Alizaliwa akiwa na rangi ya zambarau kifuani, kamba ya kitovu imemzunguka shingo. Bi Mwanvua akaifungua, akamgeuza, akampigapiga nyayo. Akalia, kasauti kadogo kama mlango wa kabati. Akavuta pumzi, ikakoroma ute. Akavuta nyingine. Bi Mwanvua akaweka mdomo wake kwenye pua ya mjukuu, akanyonya, akatema, akanyonya.

Hapo ndipo mgambo alipoitupa sheria. Aliinua rungu akalipiga kufuli pigo moja tu. Halikuwa imara. Mlango ukafunguka, watu wakamwinua Sikudhani na mtoto wakawaingiza ndani, na ndani hamkuwa na kitu. Kitanda kilikwenda Katikati, na mirathi ilikuwa imefagia hata meza, hata ndoo, hata bomba ukutani. Palibaki alama nne za miguu ya kitanda sakafuni. Sikudhani akalazwa katikati ya zile alama, mtoto juu ya kifua chake.

"Anapumua?" aliuliza.

"Anapumua," alisema Bi Mwanvua.

Akauliza tena baadaye kidogo. Bi Mwanvua, aliyekuwa hajui kumwambia mtu neno la kumvunja moyo, akamwambia, "Anapumua, mwanangu." Sikudhani alijua. Alikuwa ameshika kile kifua kwa kiganja kizima.

Nesi Leokadia alifika alasiri kwa miguu, viatu mkononi, ule mpira mwekundu ameukamata. Alisimama mlangoni, akaona, akakaa chini pale pale kizingitini. Mrisho alikuja nyuma yake. Alipoambiwa hakuanguka wala hakulia. Alisema tu:

"Nilikunywa chai."

Alilisema tena usiku, na kesho yake makaburini, na kwa muda mrefu mtu akimpa pole ndilo jibu lake.

*

Walimwita Hemedi, jina la baba yake Mrisho. Serikali haikumwita kitu. Mashariki Zaidi walisema jengo ni lao lakini mtoto alizaliwa nje ya ukuta. Kaskazini Kiasi walidai kufuli na wakaishia hapo. Katikati walisema nesi wao hakumgusa. Suala lilipelekwa kwenye Tume, na Tume, baada ya kutazama mirathi yote kwa kioo cha kukuzia, ikagundua kwa mshtuko kwamba baraza ilisahauliwa. Haikugawiwa kwa yeyote. Hivyo, ilieleza Tume kwa lugha ya upole, mtoto anayetajwa alizaliwa mahali ambapo kwa sasa hapapo, na anapewa pole.

Maziwa ya Sikudhani yalikuja siku ya tatu. Hayakuwa na habari za Tume. Yalimlowesha khanga, na usiku yakimuuma alikwenda uani akayakamua chini ya mgomba, akisema kwa sauti ya chini, "Samahani, baba. Samahani." Mchana aliwapikia watu. Walikuja wengi, na wote walikuwa wageni.

Tunu aliacha kuuliza maswali. Alikuwa akimfuata mama yake kila mahali ameshika ncha ya khanga, na watu wakisema "pole" aliwatazama midomoni, kama mtu anayejifunza namna neno linavyotengenezwa.

Mwaka ulipotimia, eda ya kiserikali ya Mheshimiwa Ngwada ilikwisha, na Rais akamfuta machozi kwa kumpa uwaziri. Akawa Waziri wa Majimbo Marehemu, na ziara yake ya kwanza ilikuwa Mwalangu, kuja kusikia kwa masikio yake kama wafiwa wameridhika. Kama wangesema hawajaridhika, sheria ilimlazimu kurudisha jimbo na vyote vyake, nesi akiwemo. Ndiyo maana alikuja na wapiga picha wengi, ili itangazwe kwamba ameuliza.

Pipa likakwanguliwa. Pilau ikapikwa. Kiti kikubwa kilichowekewa kitambaa cha kushonwa kwa mkono kiliwekwa mahali pekee palipokuwa na kivuli saa hizo, kwenye baraza ya zahanati, mbele ya mlango. Waziri akala, akanawa, akasifu mkono wa mpishi. Sikudhani ndiye aliyepika. Alikaa mstari wa mbele, Tunu kati ya magoti yake.

Usiku uliopita walikubaliana, yeye na Mrisho na Nesi Leokadia, ambaye alikuwa amekuja kwa kutoroka. Safari hii watasema. Sikudhani atasimama aseme hatujaridhika, na wengine watafuata. Alilifanyia mazoezi neno hilo uani mpaka likawa laini mdomoni.

"Ndugu zangu," alianza Waziri, "nimetoka mbali. Safari ilikuwa ndefu, mgongo unaniuma, na daktari amenikataza kusikitishwa. Lakini nikasema hapana, lazima nikawaone watu wangu. Nawauliza kutoka moyoni. Tangu ndugu yetu jimbo atutoke, na mirathi ikagawanywa kwa haki, mmeridhika?"

Nesi Leokadia alimtazama Sikudhani. Mrisho alitazama mikono yake. Sikudhani akasimama. Alimtazama yule mtu pale kitini, mnene, anavuja jasho, wali umemganda kwenye sharubu, mtu mzima aliyetoka mbali na mgongo unamuuma. Neno lilikuwepo. Alilisikia likipanda. Likafika kooni, likakutana na kila kitu alichofundishwa tangu anyonye.

"Karibu tena chakula, Mheshimiwa," alisema.

"Mmeridhika, basi?"

"Tumeridhika, baba," wakajibu watu, taratibu, kama waitikiao dua. Mrisho naye alijibu. Nesi Leokadia aliinamisha kichwa. Wapiga picha walipiga. Waziri alifumba macho kwa utulivu, akaegemea nyuma mpaka kiti kikagusa mlango.

Sikudhani aliketi. Alihisi magoti yake matupu. Tunu alikuwa amesimama, ameiachia ile ncha ya khanga, amepanda ngazi ya baraza peke yake, na sasa alikuwa mbele ya Waziri, karibu kabisa na viatu vyake. Mtu mmoja alisema, "Mtoto, njoo huku," lakini Sikudhani aliinua mkono kuzuia asiitwe.

Waziri alifumbua macho, akatabasamu.

"Ee, mjukuu wangu. Unataka kumwambia nini babu?"

Tunu alinyoosha kidole kuelekea sakafu, chini ya kile kiti.

"Mdogo wangu alizaliwa hapo ulipokaa na akafa," alisema.